Mwanamke Aliyewasemea Waindonesia

"Mama Haroun, yule mpangaji wenu anaingiza wanaume."

Kissa alinitupia maneno hayo jikoni, anamenya viazi, kisu kinanielekea mimi kana kwamba hao wanaume nimewaleta mwenyewe. Kissa ni mtu wa Tukuyu. Anafanya biashara ya jinzi, kwa hiyo siku nyingi yuko Xintang kwenye viwanda, na akirudi huwa amebeba habari pamoja na sampuli. Chumba chake kimepakana na cha Chausiku. Kati yao kuna ukuta wa mbao nyembamba aliousimamisha mume wangu ili chumba kimoja kizae viwili.

"Wanaume gani?" nikamuuliza.

"Wawili. Mmoja ana sauti nzito, mwingine kama ana mafua. Na kuna bibi kizee anawatukana wote. Jana mchana nimesikia kofi, paa! Halafu msichana akalia, akalia, mpaka nikaamka niende kugonga. Mara mlango unafunguliwa, anatoka Chausiku peke yake, kikombe mkononi, anakwenda kuchota maji ya moto. Na kunisalimia akanisalimia!"

Françoise, Mkongo wa Lubumbashi anayekaa chumba cha mwisho, alikuwa anageuza samaki kwenye kikaango. "Basi wanatokea dirishani," akasema bila kugeuka.

"Ghorofa ya tisa, Françoise?"

"Mais, mimi najua? Mwanamuke ule ni mutu wa mashetani."

Wakacheka wote wawili. Mimi sikucheka. Sikumpenda Chausiku tangu siku aliyoingia na mabegi yake, na sitajifanya hapa kwamba nilimpenda. Alikuwa na tabia moja: ukizungumza naye hakutazami machoni, anakutazama mdomo. Ukimaliza kusema unahisi kama amekuchomolea kitu mfukoni.

Kazi iliyomleta Guangzhou ilikuwa kusindikiza wafanyabiashara. Mgeni akishuka kutoka Dar au Unguja, hajui hata namna ya kuomba chumvi, anampigia Chausiku. Chausiku anampeleka Guangyuan Xilu, kwenye yale majengo ya nguo ambayo ukishaingia unasahau jua liko upande gani, na huko anamsemea mgeni kwa laoban, yaani mwenye duka, na mwenye duka anamsemea kwa mgeni. Niliwahi kufuatana naye nilipokuwa na mimba ya Haroun. Mama mmoja wa Kariakoo alishika abaya kwa ncha za vidole, akasema, "Mwambie huyu mwizi, nguo yenyewe kama chandarua." Chausiku akamgeukia mwenye duka akamwambia kwa Kichina kitu laini, anatabasamu. Mwenye duka akafoka. Kichina changu ni cha sokoni, lakini kilitosha kuelewa: kila siku nyinyi mnasema ghali, nendeni mkanunue barabarani. Chausiku akamgeukia yule mama: "Anasema wewe unajua nguo, umemkamata leo." Wakauziana, wakaagana kwa kupeana mikono. Nilirudi nyumbani nikijiuliza ni maneno yangu mangapi aliyowahi kuyapeleka mahali yakafika yamevaa nguo nyingine.

Halafu wakaja Waindonesia.

Walikuwapo siku zote, wanunuzi kama sisi. Lakini sasa walikuja kwa namna nyingine, wasichana wenye simu kwenye vijiti na taa za duara, wanasimama katikati ya ujia wa soko wanauza laivu kwa watu walioko Jakarta, wanaita "kak, kak," yaani dada, wanajizungusha na mitandio, na wachukuzi wenye marobota mgongoni wanasubiri wamalize kuzunguka. Wenye maduka wakawaletea viti na chai. Sisi tukiuliza mzigo tunaambiwa "meiyou," hakuna, na mzigo tunauona umetundikwa. Na huko nyumbani wateja nao wakabadilika. Zamani walikuwa wanataka abaya ya Dubai. Sasa mtu anatuma picha aliyoikata kwenye video: nataka mtandio kama wa yule dada anayelia.

Maana kwetu mambo ya Kiindonesia ndiyo yalikuwa yameingia. Kwanza nyimbo zao, zikapigwa saluni. Kisha vichekesho, na vile vitisho vyao vya maiti aliyefungwa sanda anayerukaruka kama gunia. Mtoto wa dada yangu aliviona akakataa kwenda msalani peke yake. Kisha tamthilia. Vipande vifupi vya kutazama kwenye simu, kimoja kinakwisha mtu kashika kitasa cha mlango, na lazima ufungue kingine ujue aliyeko nje. Wanawake wa kwetu walizipenda kuliko za Wahindi, kuliko za Wafilipino. Mama yangu mzazi alinieleza sababu kwa simu, amefurahi kama aliyepata ndugu waliopotea: "Wanajitanda kama sisi, wanaswali kama sisi, na mama mkwe ni yule yule."

Mimi nilizichukia. Nilizitazama chache, nikaona kila wakati ni mwanamke amepiga magoti na watu wengine wamesimama. Anamwagiwa maji, anasamehe. Anafukuzwa, anasamehe. Na wanaotazama wanafuta machozi wanasema, ona anavyovumilia, kama vile kuvumilia ni kazi ya kulipwa.

Siku ya pili yake baada ya maneno ya Kissa, nilimfunga Haroun mgongoni nikaenda kugonga kwa Chausiku. Nyumba hii mkataba ni wa mume wangu, Abdulsamad, na kila anayelala humu ameandikishwa polisi kwa anwani yake. Wakija kukagua wakakuta wanaume wasiojulikana, atakayeitwa ni yeye.

"Ingia," ikasema sauti ya mwanamume, nzito.

Nikafungua. Mwanamume hakuwapo. Chausiku alikuwa amekaa sakafuni katikati ya abaya za sampuli zilizoning'inia pande zote kama watu waliokuja msibani, blanketi amejifunika kichwani. Simu moja ilikuwa mbele yake inaonyesha picha, nyingine ameishika karibu na mdomo. Akaninyooshea kidole: subiri. Kwenye ile simu mwanamke wa Kiindonesia, mtandio wake rangi ya maziwa, alikuwa amepiga magoti, na bibi kizee amesimama juu yake. Chausiku akakaza koo, ikatoka sauti kavu ya kizee:

"Hata chai yako haina sukari, sembuse tumbo lako!"

Akajipiga pajani, paa. Kisha akalia, kilio kidogo cha puani, cha mtu anayeogopa kusikiwa. Haroun mgongoni kwangu akaitikia, akaangua kilio cha kweli.

"Umeniharibia," Chausiku akasema, sasa kwa sauti yake. Akatega sikio. "Hapana, hebu mwache. Kilio kizuri hicho. Nitakiacha humo humo."

"Mwanangu hakuja kukulilia wewe."

"Basi mama Haroun, usinune. Kaa."

Sikukaa. Nikamuuliza kama anajua Kiindonesia.

"Kidogo. Wanasema sabar, wanasema dunia, wanasema waktu. Hayo si yetu pia? Yanayobaki najaza."

"Unajaza na nini?"

"Na yanayomfaa aliyeko pale. Mama mkwe akikaza shingo vile anasema nini? Unahitaji kamusi?"

Akanieleza mengine bila kuulizwa, blanketi likiwa bado kichwani. Mjomba wake alikuwa na banda la video Magomeni, la mabati na viti vya mbao, na picha za Kichina na za Kihindi zilizotafsiriwa kwa Kiswahili: mtu mmoja, DJ wanamwita, anawasemea wote, jambazi, polisi, mrembo, mpaka farasi, na katikati anatuma salamu kwa rafiki zake wa Manzese. Chausiku alikuwa anakata tiketi mlangoni na kusikiliza kupitia bati. Alipokuwa msichana alimwomba mjomba ampeleke kwa hao watafsiri akajifunze. Mjomba akamwambia sauti ya mwanamke haiwezi kubeba jambazi. Akaolewa, akaachika, akaja China na kundi la wauza vitenge, akabaki. Kazi ya kusindikiza ikamlisha miaka mingi. Sasa wageni wanaagiza wenyewe kwa simu wakiwa vitandani mwao Dar, na wachache wanaokuja wanataka mtu anayejua maduka ya Waindonesia. Ndipo siku moja, hana mgeni, akachukua kipande cha tamthilia akakisemea kwa mchezo, akawatumia wanawake wa kwao. Tangu hapo hakuachiwa kupumua, kila siku wanataka kingine.

"Waindonesia wenyewe wakisikia unavyowasemea?" nikamuuliza.

"Watajuaje? Nao wanajua wanachosema watu wa kwetu?"

Nikatoka, nikawaambia wenzangu jikoni kwamba wanaume wote ni yeye, na bibi kizee ni yeye, na kofi ni paja lake. Kissa alikaa chini kwa kucheka. Tangu siku hiyo uvumi ukafa na ikazaliwa fahari, jambo ambalo kwangu lilikuwa baya zaidi. Kissa akawa anamwita "DJ wetu." Françoise akawa anatazama naye hana habari na nusu ya Kiswahili cha pwani, anauliza, "Sasa huyu baba anamupiga juu ya nini?" Chausiku akamtumia Kissa salamu katikati ya harusi ya Kiindonesia: "Na sasa bwana harusi anaingia, anamsalimu sana Kissa wa Tukuyu, mrembo wa jinzi." Kissa akatazama kipande hicho mpaka simu ikamwishia chaji.

Tamthilia iliyompa jina ilikuwa moja ndefu. Mke mwema alimwita Subira. Mume, Burhani. Mwanamke wa nje, aliyepaka midomo rangi nyekundu na kukaa ofisini amekunja mguu, alimwita Fifi. Huko kwetu watu waliamka wakiuliza Fifi kafanya nini leo. Mama yangu akawa akinipigia hanisikilizi tena habari za meno ya Haroun, ananisimulia Subira.

Kisha siku moja, tunakula, simu ya Kissa ikalia. Namba ya Tanzania asiyoijua. Mikono yake ilikuwa na mchuzi, akaibonyeza kwa kiwiko sauti ikatoka nje, jikoni kote tukasikia.

"Wewe ndiye Fifi?" akauliza mwanamke.

"Nani?"

"Nakuuliza, wewe ndiye Fifi wa kwenye Kiindonesia?"

Kissa akacheka. "Dada, umekosea namba."

"Sijakosea. Fifi jana kamwambia yule Burhani, mkeo akiuliza mwambie mzigo umekwama bandarini, wanangoja karatasi ya mionzi. Mume wangu kaniambia hivyo hivyo, neno kwa neno, na hiyo karatasi ya mionzi humo humo. Nikachukua simu yake alipokwenda kuoga. Namba ya China ni moja tu. Sasa niambie, mzigo uliokwama ni jinzi au ni wewe?"

Kissa akaifunika simu kwa mkono wenye mchuzi. Sote tulijua. Maneno hayo aliyasema palepale, amesimama kwenye sinki, anazungumza na bwana wake wa Mbeya, anacheka, sisi tunasikia na kunyamaza kama watu wanaokaa nyumba moja wanavyonyamaza. Karatasi ya mionzi aliibuni mwenyewe, akajisifu kwamba hakuna mke atakayejua kuuliza ni kitu gani.

Akakata simu. Alinyanyua sufuria ya wali, na wali ndani yake, akaenda nayo kupiga mlango wa Chausiku.

"Toka nje! Toka, mbwa wewe! Umeniweka sokoni!"

Chausiku akatoka na blanketi shingoni. Aliposikia kilichotokea uso wake haukuonyesha hofu. Ulionyesha mshangao wa mtu aliyeambiwa kwamba maji ni ya mtu.

"Sikukutaja, Kissa. Nimesema Fifi."

"Umesema maneno yangu!"

"Yalikuwa mazuri," Chausiku akasema. "Yule mwanamke alikuwa amekaa na simu, anacheka, meno yote nje. Nikatafuta atakuwa anasema nini. Ndiyo yaliyokuja."

Kissa akamwagia wali. Sikumlaumu.

Mambo yakaanza kufukuliwa. Françoise akarudi nyuma kwenye vipande vya zamani, simu sikioni, akiomba atafsiriwe. Akakuta dua aliyoiomba mwenyewe kwa sauti chumbani kwake, kwa ajili ya mwanawe mgonjwa Lubumbashi, imetiwa kinywani mwa mtumishi wa jumba la Kiindonesia, jina la Yesu limetolewa na kwingine kote limeachwa lilivyo. "Hata Mungu amemuibia," akasema Françoise. Aliacha kumsalimia Chausiku. Wakahamisha vyombo vyake kwenye rafu, wakaviweka sakafuni karibu na ndoo ya taka. Akiingia jikoni walikaa kimya, midomo wameifunga makusudi, Kissa ameiziba kabisa kwa kiganja, na akitoka wanapasuka. Nami nilikaa nimefunga mdomo pamoja nao.

Lakini yangu sikuijua bado. Aliyeniletea ni mama yangu, naye hakujua anachonipa.

"Jana nimelia, nimecheka," alisema kwenye simu. "Subira anambembeleza mtoto, mume haonekani siku nyingi. Anamwambia mtoto: lala baba, baba yako hajapotea, amesahau ghorofa tu, akishaikumbuka lifti itamleta. Ati amesahau ghorofa! Mjinga yule! Mume yuko kwa wanawake naye anamwimbia lifti!"

Akacheka mpaka akakohoa. Haroun alikuwa kifuani kwangu ananyonya, ameshika kidole changu kimoja kwa mkono wake wote. Hayo maneno ni yangu. Nilimtungia yeye, hapa, jioni baada ya jioni, lifti ikipita na kutosimama kwetu. Sikuwahi kumwambia mtu. Sauti yenyewe ni ndogo, naipumua tu kwenye utosi wake.

"Hucheki?" mama akauliza.

"Mtoto ananyonya, mama."

"Haya. Wewe mshukuru Mungu, umepata mume."

Mume wangu anafunga mizigo ya watu kwenye ghala karibu na Liuhua. Zamani alikuwa akirudi ananuka gundi na makaratasi. Sasa hurudi mara moja moja, amejisafisha, ananuka sabuni isiyo ya nyumba hii. Nikimuuliza amekula, huniambia, "Mimi ni mtu wa kazi, si mtu wa maswali." Huyatamka hayo akivua viatu, bila hasira, kama salamu.

Wanawake walipomkabili wakimtaka amfukuze Chausiku, kwanza alicheka. Alikuwa amekaa sebuleni anamrusha Haroun juu na kumdaka.

"Michezo ya simu hiyo. Mnataka nimtoe mtu mwenye kulipa kodi kwa sababu ya Waindonesia?"

"Abdulsamad, sisi au yeye," Kissa akasema.

"Nitafikiri."

Haikumchukua muda kufikiri. Ijumaa alikwenda kuswali, na nje ya msikiti watu wa mizigo wenzake wakasimama kwa safu kumpokea, mikono vifuani. "Bwana Burhani! Karibu bwana Burhani! Mtu wa kazi, si mtu wa maswali!" Wake zao walikuwa wametazama. Mwenzake mmoja akamwonyesha kabisa kwenye simu, mume wa Kiindonesia anavua viatu mlangoni, suti imemkaa, anasema maneno ya Abdulsamad kwa sauti ya Abdulsamad, na kile kikohozi chake kidogo cha kujisafisha koo.

Akarudi nyumbani mchana kweupe, jambo ambalo hakulifanya hata siku Haroun alipopata homa. Hakuvua viatu.

"Chausiku!"

Akatoka. Tukatoka wote, Kissa na Françoise wakasimama mlangoni mwa jikoni. Mimi nilikuwa na mtoto.

"Hapa si mahali pa kuwarekodi watu," Abdulsamad akasema. "Jumapili uwe umetoka. Jumatatu nakwenda polisi kukufuta kwenye anwani yangu."

Hapo ndipo hofu ilipomwingia, tukaiona wote. Kibali chake cha kukaa kilikuwa kinakaribia kwisha, na bila anwani haongezewi. Kupata nyumba inayokubali mgeni wa rangi yetu si jambo la kufanyika kati ya Ijumaa na Jumapili. Wenye nyumba wanatazama uso wako, wanasema meiyou kabla hujasema neno. Kufutwa hapa maana yake ni ndege.

"Shemeji," Chausiku akasema, "nakuomba uniache mpaka mwisho wa mwezi."

"Mimi si shemeji yako."

"Sikukutaja jina. Sijamtaja mtu yeyote humu."

"Ulinitaja zaidi ya jina!"

"Nifanye nini basi?" Alisema akitazama midomo yetu, mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja akaukaza wake. "Mimi wale siwaelewi. Naona mtu anafungua kinywa na mimi natakiwa niweke kitu mle. Naweka ninachosikia. Na ninachosikia ni nyinyi. Nimekaa na nyinyi, nimekula na nyinyi. Maneno mengine nitayatoa wapi?"

"Katunge!" Kissa akapiga kelele. "Watu wanatunga!"

"Nilitunga mwanzo. Watazamaji waliponiandikia walisema, hawa hawaongei kama watu."

"Quand même, hata kama," Françoise akasema, akatema mate kwenye sinki.

Abdulsamad alikuwa ameshageuka aende, akasimama. Nadhani macho ya wale wanawake yalimchoma. Hakutaka ionekane amemfukuza kwa sababu yake yeye. Akanyoosha mkono kuelekea kwangu.

"Mwenye nyumba ni mama Haroun. Kama yeye ana neno la kumtetea, aseme. Akisema abaki, atabaki."

Wakanigeukia wote. Chausiku hakunigeukia. Yeye peke yake alikuwa anatazama sakafu.

Nilikuwa na la kusema. Nilikuwa nalo kwake na nilikuwa nalo kwa yule aliyesimama na viatu kwenye zulia langu. Haroun alikuwa anavuta ushungi wangu. Nikamtoa mkono taratibu, nikambusu vile vidole, nikaingia chumbani na kufunga mlango. Nikasikia Kissa nje anasema, "Basi, mmesikia."

Jumamosi yote Chausiku alifungasha. Zile abaya alizirudisha kwenye mifuko, chumba kikaanza kutoa mwangwi, na hata kikohozi chake tukakisikia kwa ukubwa. Hakuna aliyemsaidia. Kissa aliweka muziki. Françoise alikwenda kanisani kwa mazoezi ya kwaya akarudi, akapita juu ya mabegi yake ujiani bila kuomba njia. Watu wa nyumbani walikuwa wanamwandikia, simu yake ilikuwa inalia kila mara kama kifaranga, na kila ikilia Kissa anasema kwa sauti ya kusikika, "Mashabiki hao, wakupe na nyumba." Mama yangu alinipigia kuuliza mbona Subira haendelei. Nikamwambia sijui.

Jumapili asubuhi Abdulsamad hakuwapo. Kissa alikuwa ameshaondoka kwenda Xintang, Françoise yuko ibadani. Nilikuwa jikoni namchemshia Haroun uji, nikasikia mabegi yanaburutwa mpaka mlangoni, yakasimama. Kisha nyayo zikarudi.

Chausiku akasimama mlangoni mwa jikoni. Alikuwa amevaa za safari, na macho yamemvimba.

"Umepata pa kwenda?" nikamuuliza. Niliuliza kama mtu anayeuliza basi linapita saa ngapi.

"Hoteli ya karibu na stesheni ya treni, siku chache. Baada ya hapo nyumbani."

Nikakoroga uji.

"Sikuja kukuomba unitetee," akasema. "Wakati wake umepita, na haki yako kukataa. Yale ya lifti sikupaswa kuyachukua. Niliyasikia nikipita na maji, nikasimama. Sijawahi kusikia mtu akisema uongo mtamu vile."

"Mama yangu ameniita mjinga kwa ajili ya maneno hayo," nikasema. "Amemcheka yule mwanamke, na hajui amemcheka nani. Wewe ndiye uliyempa."

"Najua."

"Hujui. Huna mtoto, huna mume, unakaa ndani ya blanketi unakula watu."

Alikubali kama mtu anayepokea mzigo wake kwenye lifti. Akatoa simu mfukoni, akaiegemeza kwenye kopo la chumvi, akaiwasha bila sauti.

Kilikuwa kipande cha mwisho. Yule mwanamke wa mtandio rangi ya maziwa alikuwa amesimama. Sikuwahi kumwona amesimama. Mume alikuwa mbele yake, viatu mguuni, amefungua mikono kama wanavyoifungua wakitaka kusamehewa upesi. Mwanamke akaanza kusema. Alisema kwa muda mrefu, taratibu, bila chozi, na kwa kila alichosema uso wa mume ulikuwa unashuka. Mtoto alikuwa amelala begani kwa mwanamke.

"Nimekaa nacho tangu Ijumaa," Chausiku akasema. "Sina cha kuweka. Ningeweza kumfanya asamehe, kama kawaida yao. Mtazame lakini. Huyu hasamehi. Na kitu anachomwambia sijawahi kukisikia kikisemwa nyumba hii, na kusikiliza nimesikiliza sana. Nimekungoja wewe ukiseme, hukukisema. Juzi mumeo amekupa nafasi mbele yetu wote, ukaingia ndani."

Kwenye simu mwanamke alikuwa anaendelea kusema na kinywa chake kilikuwa kitupu.

"Lifti ya mizigo wamesema itafika baadaye kidogo," Chausiku akasema. "Chumba hakina kitu, lakini hapa jikoni sauti inakaa vizuri. Mimi nitabonyeza kurekodi tu, sitatia langu hata moja. Sema wewe, mama Haroun. Mwambie. Nipe mtoto nimshike."